Buluu Juu, Nyeupe Chini

Kila mrija uliofika ghalani kwetu ulikuwa na vifuniko viwili, kimoja cha buluu na kimoja cheupe. Buluu ni juu, upande uliokuwa ukitazama maji. Nyeupe ni chini, upande uliozama kwanza katika sakafu ya bahari. Hiyo ndiyo sheria niliyofundishwa siku ya kwanza, na ilinitosha miaka kumi na minne, kwa kuwa kusoma nilikuwa sijui.

Siri hiyo ya kutojua kusoma tuliijua watu watatu: mimi, mama yangu na shemeji yangu.

Shemeji ni mdogo wa marehemu mume wangu. Mume wangu alipofariki ndugu zake walikaa kikao, wakazungumza, wakainuka, na walipoinuka nyumba ilikuwa ya shemeji. Majirani walipoanza kunong'ona, akanitafutia kazi kwenye ghala la miamba alikokuwa ameajiriwa yeye. Nyumba akachukua, kazi akanipa, watu wakasema ana moyo. Fomu ya kazi aliijaza mwenyewe, juu ya meza iliyokuwa yangu. Palipoulizwa elimu, aliandika kwamba nimemaliza shule ya msingi. Nilimwambia darasani mimi niliingia kufagia tu. Akacheka, akasema matope hayaulizi cheti.

Ghala lenyewe lilikuwa jengo refu lenye rafu za chuma mpaka darini. Upande mmoja zilikaa nguzo za mawe yaliyochimbwa nchi kavu, zimelazwa kwenye masanduku ya mbao kama watoto wachanga. Upande wa pili kilikuwepo chumba baridi, na humo ndimo ilimokaa mirija ya tope la baharini. Meli hushusha bomba zito chini, linazama kwenye tope, linavutwa juu limejaa. Ndani yake kuna mrija wa plastiki, na tope lile hukatwa vipande virefu kama kimo cha mtu mfupi. Kila kipande kinazibwa kwa vifuniko vyake na kuandikwa. Maandishi nayo yana desturi yake: yanaanzia upande wa juu na kushuka, ili hata kifuniko kikidondoka mtu ajue pa kuanzia. Mimi herufi zilinishinda, lakini niliweza kuona zinakoanzia.

Kazi yangu ilikuwa msumeno, humo humo kwenye chumba baridi. Tulikuwa wawili, mimi na mwanamke mnene sana ambaye kwa hiyo tulimwita Kimbaumbau. Tunalaza mrija kwenye kitanda cha chuma, tunatoa vifuniko vya zamani kwa kisu, tunaupasua kwa urefu, tope linafunguka pande mbili kama mkate. Halafu shemeji, aliyekuwa msaidizi wa ghala na mara nyingine akisafiri na meli, anafungua kabati lake na kutugawia vifuniko vipya. Wabebaji waliniita Mama Tope. Kimbaumbau aliwaambia afadhali tope kuliko wao, maana tope hukauka likanyamaza.

Kabla ya ghala nilikuwa mpasuaji mawe, na kabla yangu alikuwa mama. Tulikaa juani na nyundo, tunapasua kokoto. Mama ndiye aliyenifundisha kwamba jiwe lina tumbo na lina mgongo. Kabla hujalipiga, ligeuze, uliulize lililala vipi. Ukilipiga mgongoni linapasuka safi. Ukilipiga ovyo linakurushia vipande usoni. Ndani ya yale mawe tulikuta makombe ya konokono wa baharini, ilhali bahari ilikuwa mbali nasi mwendo wa siku nyingi. Mama alisema maji yaliwahi kukaa hapa, yakahama. Hakuna aliyemwambia. Aliona tu.

Ghalani nilikuta wasomi wanasema maneno yaleyale kwa vitabu vikubwa. Makombe hayo wao waliyaita visukuku. Sikuwahi kuwaambia kwamba nilikuwa nayajua tangu utotoni. Nani angeniuliza?

Nilikaa na mama kwenye chumba nyuma ya ghala. Zamani kilikuwa stoo ya masanduku matupu. Uongozi ulinipa kwa sababu nilikuwa mfanyakazi, na kwa sababu mtu wa msumeno alitakiwa awe karibu meli ikiingia. Kilikuwa na dirisha moja la wavu, kitanda cha mama, godoro langu, na bomba la maji nje ya mlango. Mama alikuwa amepigwa na kiharusi. Upande wa kushoto wote ulikufa, na maneno yakawa yanatoka nusunusu. Kwa hiyo mtu akiniuliza kazi ile ilikuwa na maana gani kwangu, sitaji mshahara. Nataja ule mlango hatua ishirini kutoka kwenye msumeno, ambao ningeweza kuufungua mara nne kwa siku nikamgeuza mama ubavu.

Sasa niseme habari ya mrija wenyewe.

Meli ilirudi na mirija kutoka juu ya mlima. Mlima huo uko chini ya bahari, umezama kabisa, na kilele chake ni bapa kama meza. Mtaalamu mkuu wa safari ile alikuwa mtu wa maneno mengi, na alipopita ghalani alitueleza mwenyewe jambo lililomkosesha usingizi. Kilele bapa ni kazi ya mawimbi, alisema. Mawimbi hukata mlima kama randa. Swali ni moja: mlima huo ulikuwa juu ya maji ukazama, au ulikuwa kilindini ukapanda, ukafika kwenye mawimbi, ukarudi? Jibu limo ndani ya mrija mmoja. Na jibu alikuwa nalo tayari, kwa picha alizopiga melini kupitia plastiki inayoonyesha ndani: mlima ulipanda. Alikuwa ameshawaambia wenzake kwenye mkutano mkubwa, wakampigia makofi.

Siku tulipoupasua mrija huo, shemeji alikuwa amesimama nyuma yetu. Tope lilifunguka. Upande wa kifuniko cha buluu palikuwa na changarawe za mviringo, laini, zimesuguliwa na mawimbi, zimechanganyika na makombe na vipande vya matumbawe. Upande wa kifuniko cheupe palikuwa na tope jeupe laini kama unga, lile ambalo Mtaalamu alitufundisha kwamba ni vijumba vya wadudu wadogo wasioonekana, wanaokufa na kushuka polepole kwenye maji marefu. Yaani kilindi chini, ufukwe juu. Ndivyo vifuniko vilivyosema.

Lakini tope lilisema jingine. Makombe yote yalikuwa yamekaa kama bakuli lililo wazi. Kombe likisukumwa na maji hugeuka, likatulia limejifunika, mgongo juu. Lililo wazi moja ni bahati. Yakiwa thelathini, basi umeyashika kichwa chini. Changarawe kubwa zilikuwa juu ya ndogo, na mimi nimemwaga kokoto ndani ya maji tangu nina miaka saba, najua ipi hutangulia kufika chini. Na kulikuwa na vijia vya minyoo. Minyoo huingia kutokea juu na kushuka na udongo wa juu. Hii ilikuwa imetoka kwenye tope jeupe ikapanda kwenye changarawe. Mnyoo hachimbi kwenda mbinguni.

Nilimwambia shemeji mrija huu umevalishwa kichwa chini. Kimbaumbau alikuwa ametoka kujaza ndoo ya maji ya msumeno. Shemeji aliinama, akaangalia, na nikaona jasho likimtoka katika chumba cha baridi. Ndiye aliyeziba mirija melini. Alinisimulia kwa sauti ndogo: siku hiyo bahari ilichafuka, bomba liliyumba, mirija miwili ikabingirika kwenye sitaha, na yeye akaziba kwa kukisia. Kisha akatazama mlangoni.

"Shemeji, tuugeuze," akasema. "Tuuweke sawa, yaishe. Tusiwasumbue wakubwa."

Nilimkumbusha sheria: mtu hagusi alama, anaripoti. Akasema ataripoti yeye, kwa maandishi, mimi nifanye kazi ya mikono. Akaleta pamba na spiriti, akafuta maandishi, akatoa kalamu mfukoni, akaandika upya kuanzia upande wa tope jeupe. Akanipa vifuniko: buluu hapa, nyeupe pale. Nikaviweka. Nilijua tumeuweka sawa. Sikujua bado kwamba usawa wa tope ni kitu kimoja na usawa wa watu ni kingine.

Hakuripoti chochote.

Baada ya wiki tatu Mtaalamu alikuja kuchukua vipimo, akaomba mrija wake. Akaweka picha zake kando ya sanduku. Zilipingana. Alichoona yeye hakikuwa kosa la meli. Aliona alama zilizofutwa. Spiriti huacha ukungu kwenye plastiki, na ukungu ulikuwepo. Mkuu wa ghala, mwanamke mkali asiyependa kelele, aliita watu wote na kuuliza nani. Shemeji alitazama viatu vyake, akasema kwamba anasikitika, lakini mtu wa msumeno aliyebaki na mrija ule ni mmoja tu, mwenzake alikuwa ametoka kuteka maji.

Nilisubiri amalizie. Hakumalizia.

Nikasimamishwa, nikaambiwa kikao ni Ijumaa. Siku nne hizo sikuruhusiwa kuingia ghalani. Nilikaa na mama chumbani, nikisikia msumeno ng'ambo ya ukuta ukishikwa na mtu asiyeujua. Ulikuwa ukilia vibaya, kama unaumizwa. Mama alitaka kujua kwa nini siendi kazini. Nikamwambia umeme umekatika. Akageuza jicho lake zima kuelekea kwenye ukuta uliokuwa unanguruma, kisha akanirudishia mimi, na sikuweza kumtazama.

Alhamisi mchana shemeji alikuja. Alisimama mlangoni na mkate mkononi, akamwamkia mama vizuri sana. Kisha akanitoa nje, karibu na bomba.

Alisema ananihurumia. Alisema nikikubali kosa kwa unyenyekevu, Mkuu atatoa onyo tu, ameshaongea naye. Nikikataa, watauliza nani aliandika, na hapo itabidi nijieleze. Alininong'oneza kama mtu anayeniokoa.

"Utasema hujui kuandika? Sema. Watafungua fomu yako. Utakuwa umemchomea mama yako kitanda."

"Fomu uliijaza wewe."

"Kwa kuwa uliniomba kazi," akasema. "Sahihi ni alama ya dole lako, shemeji. Si langu."

Huyo ndiye aliyenipaka mafuta kwa mgongo wa chupa miaka kumi na minne. Nilirudi ndani. Mama aliuliza kwa nusu ya mdomo mgeni amesema nini. Nikamkatia mkate.

Sikulala, na asubuhi sikuwa na akili ya kuchagua. Mtu akinisoma leo atasema ningefanya hivi, ningefanya vile. Aje akae kwenye kile kiti. Walikuwa Mkuu, Mtaalamu, shemeji, na karani wa kuandika. Mrija ulikuwa juu ya meza, umefunguliwa. Nilitazama makombe yangu yakiwa yamejifunika vizuri, migongo juu.

Nilikubali. Nilisema ni mimi, naomba radhi, sitarudia. Nilisema vile shemeji alivyonifundisha, neno kwa neno, hata ile sauti ya chini. Kisha nikangoja onyo langu.

Mkuu alifunga kalamu. Alisema kuvuruga alama za sampuli ni sawa na kuchana ukurasa wa kitabu ambacho kimeandikwa mara moja tu. Alisema hana furaha, ila hana njia. Kazi imekwisha, na chumba nikirudishe ndani ya siku saba.

Nilimwangalia shemeji. Alikuwa anasoma dari.

Mfa maji haachi kutapatapa. Nilisimama bila kuambiwa nisimame, nikaenda mezani. Nilimwambia Mtaalamu, tafadhali baba, achana nami, tazama tope. Nikamwonyesha makombe. Nikamwonyesha changarawe, kubwa chini, ndogo juu yake, kisha unga. Nikamwonyesha vijia vya minyoo, jinsi tope jeupe lilivyoshukia ndani ya changarawe kama vidole. Nilimwambia mlima wako haukupanda. Ulikuwa juu, jua likiuona, mawimbi yakiusugua, makombe yakiishi pembeni. Kisha ukazama, ukazama, mpaka ikabaki kunyeshewa na vumbi la wadudu.

Alitoa lenzi mfukoni, akainama. Alikaa pale muda mrefu, karani akaacha kuandika. Alipoinuka alikuwa amezeeka.

"Yuko sahihi," akasema. Hakusema nami, alisema na meza.

Mkuu akauliza kama hivyo ndivyo, kwa nini nifanye kwa siri, nifute, niandike upya kama mwizi. Na hapo ndipo nilipoona kwamba nimebakiwa na kitu kimoja tu, na kitu hicho ni aibu yangu.

"Nipeni kalamu," nikasema.

Karani alinipa yake, pamoja na karatasi. Nikamwambia Mkuu anitajie maneno yaliyo kwenye mrija. Akataja jina la meli, mshale wa juu na namba. Niliiweka kalamu kwenye karatasi. Niliweza kuchora mshale unaoelekea juu, maana mshale naujua. Nikaandika moja, na mbili, na nne, ambazo hata sokoni zinahitajika. Halafu kalamu ikasimama. Nilisikia kiti cha shemeji kikilia.

"Sijui kuandika, Mama," nikamwambia Mkuu. "Sijawahi kujua. Aliyeandika pale ni aliyeziba mirija melini. Mimi nilishika vifuniko tu."

Mkuu aliuvuta mrija karibu, akatazama maandishi, akamtazama shemeji. Alijua mwandiko ule. Ulikuwa kwenye kila karatasi ya ghala. Kwa kitambo kidogo nilidhani nimevuka. Nilishamfikiria mama, jinsi nitakavyoufungua mlango na kumwambia umeme umerudi.

Ndipo karani, mtu wa watu, asiye na ubaya wowote, akafungua faili langu.

Mkuu alisoma fomu kwa sauti. Elimu: amemaliza shule ya msingi. Anajua kusoma na kuandika: ndiyo. Chini, dole gumba. Hata hilo dole halikuwashangaza miaka yote hiyo. Aliuliza nani alinijazia. Shemeji alijibu kabla yangu, kwa sauti ya mtu anayezungumza msibani. Alisema alinijazia kwa huruma, kwa kuwa nilimdanganya hata yeye kwamba nimesoma. Mjane wa kaka yake, angemshuku vipi? Na kuhusu mrija, alisema, ndiyo, aliandika upya, baada ya kugundua kosa la meli. Kosa lake lilikuwa kuchelewa kuripoti. Alikubali kosa hilo kwa unyenyekevu. Ile sauti ya chini ilikuwa ya kwake tangu mwanzo, nami nilikuwa nimeiazima tu.

Yeye alipewa onyo.

Mimi kosa la kwanza nilifutiwa, nikaandikiwa la pili. Siku saba zilibaki saba. Nilipokuwa natoka karani aliuliza wafanyeje na mrija, warudishe alama za zamani ama vipi. Mtaalamu alijibu bila kugeuka: "Uachwe kama ulivyo."

Siku ya kuhama sikuwa na usafiri wa mgonjwa. Kimbaumbau aliwalazimisha wabebaji watoe toroli la mirija, lile refu lenye magurudumu ya mpira. Tulitandika blanketi, tukamlaza mama humo, tukamfunga kwa mkanda asibingirike. Mbebaji mmoja alitaka kusema mzaha, akauangalia uso wa Kimbaumbau, akaumeza. Tulipita kando ya ghala, mlango wa chumba baridi ukiwa wazi, baridi ikatupiga miguuni. Mama alikuwa ameshaambiwa. Alinivuta nguo kwa mkono wake mzima.

"Uliwaonyesha?" akauliza.

"Niliwaonyesha."

"Wakaona?"

"Wakaona, mama."

Alifikiri mwendo wote wa ule ukuta. Gurudumu moja lilikuwa linapiga kelele.

"Na bado?"

"Na bado."

Mama aliishi miezi mitano zaidi, kwenye chumba cha Kimbaumbau, nyuma ya pazia. Mimi nilikuwa nimerudi kwenye nyundo, mbali, na mchana hapakuwa na wa kumgeuza. Vidonda vilimla mgongo. Shemeji alikuja mazishini, akashika jeneza mbele, watu wakasema ana moyo.

Herufi nimejifunza baada ya hapo, kwenye darasa la watu wazima, jioni baada ya nyundo, nikiwa na vidole visivyokunjika vizuri. Mwalimu alituambia kila mmoja alete kitu anachotamani kukisoma. Wengine walileta vitabu vya dini, mmoja alileta barua ya mwanawe. Mimi nilileta barua yangu ya kufukuzwa. Niliipitia kwa kidole siku tatu. Inasema nimeachishwa kazi kwa kutoa taarifa za uongo kuhusu elimu yangu. Mrija haumo. Mlima haumo, wala shemeji. Nilirudia kutoka juu mpaka chini, nikidhani labda nimeruka mstari.